Mikono Iliyojua Kuosha Nywele

Daktari wa macho kule Nairobi alimpa Loise masharti saba, naye akayashika sita. Asifikiche macho hata yakiwasha namna gani. Asipake wanja. Avae miwani ya jua mchana kutwa. Alale na vikinga vya plastiki, ambavyo vilimfanya afanane na panzi. Atie dawa ya matone kila baada ya saa nne. Akae mbali na moshi na vumbi, na hilo kwa mkazi wa Juba ni kama kumkataza bata asilowe, lakini alifunga madirisha na kujitahidi. La saba ndilo lililomtoa jasho: kwa siku kumi baada ya ule upasuaji wa leza, hata tone moja la maji lisiingie machoni.

Uso aliupangusa kwa kitambaa chenye unyevu, kuanzia mashavuni kushuka. Mwili aliuoga kuanzia shingoni. Lakini nywele je? Loise alikuwa na nywele nyingi, zake mwenyewe, si za kununua, na joto la Juba halikuwa na habari kwamba kuna mtu amefanyiwa upasuaji. Siku ya sita kichwa kilimwasha kama kimenyunyiziwa upupu, akawa anajikuna kwa mpini wa kijiko.

Si kwamba alikuwa mwanamke wa kulalamika. Alikuja Juba kutoka Nyeri miaka kumi na moja iliyopita akiwa na sanduku moja, akimfuata mumewe Jethro, fundi wa jenereta wa shirika moja, wiki mbili yuko Juba, wiki mbili yuko mji wa Torit. Loise akapata kazi katika hoteli moja ya Hai Amarat, akapanda mpaka akawa mkuu wa mapokezi, mtu anayekumbuka ni mgeni gani asiyelala karibu na jenereta na ni yupi huondoka na taulo. Walipanga nyumba ya vyumba viwili Thongpiny, jirani na uwanja wa ndege. Ndege zote alizijua kwa sauti: ya Nairobi ya asubuhi, ya Entebbe ya alasiri, na yale madude ya mizigo yanayotikisa vikombe kabatini. Wana wao wawili, Kariuki na mdogo wake, walikuwa shule ya bweni kule kwao. Ni wavulana, vichwa vyao hunyolewa kwa mashine kila likizo, na baba yao hajawahi kushika chanuo maishani mwake.

Alichokosa Loise ni binti.

Kwao Wakikuyu, binti wa kwanza hupewa jina la mama yake mume, na jambo hilo halijadiliwi. Mama mkwe wake, Gathoni, alilisubiri jina lake kama mtu anayesubiri mgeni aliyekwisha kupiga simu kwamba yuko njiani. Kila Krismasi alimtazama Loise tumboni kabla hajamtazama usoni. "Na mimi nitazaliwa lini?" angeuliza, utani nusu, kweli nusu. Loise naye alimtaka mtoto huyo kuliko hata bibi yake. Aliyekataa ni Jethro. Wawili wanatosha, alisema. Mwaka huu hapana. Hali ya Juba unaiona, ngoja itulie kwanza. Na hali ya Juba, kama mjuavyo, haikuwa na haraka ya kutulia.

Kisha, Krismasi tatu zilizopita, mama mkwe akamshika mkono jikoni, akasema, "Mwanangu, usijisumbue tena na jina langu. Mimi nimeridhika." Loise alilia pale pale kwenye sufuria ya mukimo. Aliporudi Juba alisimama mbele ya akina mama wa kanisa akatoa ushuhuda: Mungu amempa mama mkwe mwenye huruma, amemtua mzigo. Walimpigia vigelegele, na mmoja akaomba apewe mama mkwe wa namna hiyo.

Lakini hamu haikumtoka. Mwaka huu alipofikisha thelathini na tisa alimwambia mumewe waziwazi: ama sasa, ama basi. Jethro akafikiri siku mbili, akaja na habari ya macho. "Tangu shule unahangaika na miwani," alisema. "Haya ya mtoto tuyafunge, Mama Kariuki. Tengeneza macho yako, ufurahi." Na kule kliniki hawampigi leza mwenye mimba, wala anayetarajia kuibeba karibuni. Swali hilo lilikuwa kwenye fomu, na Loise akaandika "hapana" kwa mkono wake mwenyewe. Leza yenyewe haikuuma hata kidogo. Lile neno liliuma. Akajipa moyo kwamba ndoa ni kupatana: binti amekwenda, macho yamekuja.

Basi siku hiyo ya sita, Jumamosi, alimpigia simu msusi wake Viola wa Hai Amarat, mwana wa Juba aliyekulia ukimbizini Uganda. Viola hakutaka hata kusikia mwisho wa ombi.

"Dada Loise, mimi iko naogopa," alisema. "Hii maji ya tangi inatoka kwa mto. Ikiingia kwa macho, kesho watu watasema Viola ameua macho ya mtu. Ngoja siku kumi iishe. Malesh, pole dada yangu."

Jethro, aliyekuwa amerudi kutoka Torit jana yake, alikuwa ameketi mlangoni akinywa chai. Akaweka kikombe chini.

"Nitakuosha mimi."

"Wewe?" Loise alicheka. "Baba Kariuki, wewe ukiosha gari hata injini inaoga."

"Lete taulo mbili."

Akavuta benchi hadi kivulini nyuma ya nyumba, akaweka beseni juu ya kigoda upande wa kichwani. Maji ya tangi hakuyagusa; alimimina yale ya mtungi wa kunywa, akayachanganya na ya moto kutoka kwenye birika, akachovya kiwiko kupima joto. Taulo moja aliikunja ikawa kama mto wa kuegemeza shingo. Ya pili aliikunja nyembamba akamfunga juu tu ya nyusi. Masikioni akamtia pamba. Kisha akaingia ndani, akafungua begi alilotoka nalo Torit, akarudi na chupa ya shampuu.

"Hii ni ya watoto," alisema. "Hata ikiteleza haichomi macho."

Loise alisikia moyo umejaa. Wanawake wangapi pale kanisani wana mume wa kufikiria jambo kama hilo? Akalala chali, akafumba macho.

Na mikono ile! Wa kushoto aliutandaza kwenye paji la uso kama ukingo wa mfereji, wa kulia ukamimina kwa kikombe, kidogo kidogo, kutoka mbele kwenda kisogoni. Hakuna tone lililovuka. Akazigawa nywele mafungu manne, akasugua ngozi kwa nyama za vidole, si kwa kucha. Palipojifunga hakuvuta, alianza kufungua nchani, akapanda taratibu kuelekea kwenye shina. Nani alimfundisha kwamba nywele zetu hufunguliwa kuanzia nchani? Atakuwa ametazama video, Loise aliwaza. Ametazama video kwa ajili yangu. Shingo yake ikalegea, na kwa mara ya kwanza tangu kliniki hakumkumbuka yule binti.

Ikabaki sehemu ya mbele, pale nywele zinapokutana na uso, penye hatari. Jethro akamwinua kidevu kwa vidole viwili, akainama, na kwa sauti laini ambayo Loise hakuwahi kuisikia akasema:

"Ainu tayara. Ainu tayara fog."

Tazama ndege. Tazama ndege juu.

Loise akatega sikio. Hapakuwa na ndege. Ya Nairobi ilikwisha kuondoka, ya Entebbe ilikuwa bado. Kulikuwa na jenereta ya jirani tu. Tena Kiarabu cha Juba cha Jethro kilikuwa cha kununulia nyanya: bei gani, hapana, basi. Miaka yote hiyo wachuuzi wa soko wamemcheka. Hii tayara laini namna hii ameitoa wapi?

Mtu mzima huambiwa, inua kidevu. Anayeambiwa atazame ndege ni mtoto mdogo, ili kichwa kiende nyuma, maji yasimwingie machoni, asilie. Na husemwa kwa lugha anayoijua mtoto.

Jethro mwenyewe hakusikia alichosema. Aliendelea kumimina. Akaigeuza ile chupa ya shampuu juu chini, akaipiga tako mara tatu, ikakohoa na kutema tone la mwisho. Chupa mpya haikohoi. Na kile kiwiko kilichochovywa majini? Siri ya mtungi aijuaye kata, na Loise alikuwa amelala chali miaka yote hii akidhani kata ni yeye.

Aliumia. Hasira ilikuwa ingali njiani. Kilichotangulia ni aibu, aibu ya kuwa amekwisha kushukuru. Alitaka kuruka kutoka kwenye benchi. Lakini angeinuka, povu lote lingemteremkia machoni, na macho hayo aliyanunua kwa bei ya binti. Akalala vilevile, kichwa mikononi mwa mtu aliyemsaliti.

"Ana miaka mingapi?" akauliza.

Maji yakakatika.

"Nani?"

"Anayetazama ndege."

Jethro akaiweka ile chupa tupu chini ya benchi.

"Atafikisha minne mwezi wa nane," akasema. "Loi, nilikuwa nitakwambia. Ilitokea tu."

Mvua hutokea tu. Mtoto hafikishi miaka minne kwa kutokea tu. Kuna siku ya kuzaliwa, kuna homa, kuna kutembea, kuna nywele za kuoshwa kila wiki kwa kikombe na kiwiko. Miaka yote hiyo huyu bwana alikuwa akirudi Thongpiny na kumwambia mkewe kwamba wawili wanatosha.

"Mama Kariuki, nisikilize—"

"Ondoa povu kwanza."

Akaliondoa. Ile mikono mahiri sasa ilimimina kwa pupa, na tone moja likateremka hadi kwenye nyusi. Akalidaka kwa kidole haraka, kwa woga wa kweli. Hilo nalo lilimuuma Loise, kwamba anamjali jicho.

"Msichana," Loise alisema.

"Msichana."

"Anaitwa nani?"

Jethro alikung'uta kikombe, akakiweka chini, akakiokota tena.

"Nimekuuliza jina."

"Gathoni."

Loise akamwona mama mkwe jikoni, mkono wenye joto juu ya mkono wake. Usijisumbue tena na jina langu. Mimi nimeridhika. Bila shaka aliridhika! Alikuwa amekwisha kuzaliwa, yuko Torit, anaoshwa nywele. Na Loise akasimama kanisani na kumshukuru Mungu kwa sauti, na watu wakapiga vigelegele.

"Mama amemwona?"

"Amemwona mara mbili," Jethro alisema, kwa sauti ya mtu anayetaka hata hilo limsaidie. "Anampenda sana."

Machozi yakaja. Yakajaa chini ya kope, yakamwagika pembeni, yakaingia kwenye pamba ya masikio. Mikono yake ilipanda yenyewe kuyafikicha, ikafika nusu ya njia, akaishusha na kulikamata benchi pande zote mbili. Hakufikicha.

"Maji yameingia?" Jethro alishtuka, akainama juu yake, taulo mkononi. "Loi? Maji yamekuingia machoni?"

Akayafumbua. Tangu shule hakuwahi kumwona mtu wazi namna ile bila miwani. Aliona mvi mbili kwenye ndevu, kovu dogo la asidi ya betri chini ya sikio, na povu la shampuu ya mtoto likikauka kwenye kiwiko chake.

"Hayakuingia," akasema. "Nipe taulo, Baba Gathoni."