Kesi Ilivyorudi Barazani

Shangazi yangu ni fundi cherehani, na ulimi wake unakata kuliko mkasi wake. Ila jambo moja hajawahi kulitamka: jinsi mumewe alivyoanguka kutoka kwenye paa la nyumba yao, akafa.

Nyumba hiyohiyo shemeji yake aliitolea macho, akidai kaka yake aliijenga kabla hajaoa. Kwenye baraza la ardhi, fundi mwashi aliyeijenga alieleza kuwa shangazi alikuwepo tangu msingi. Hata siku ya ajali shangazi ndiye aliyekuwa akimpandishia mumewe mabati. Shangazi akashinda bila kuigusa siku ile. Shemeji akakata rufaa.

Majaji hawakusema nani mwongo. Walisema maoni ya wajumbe wa baraza hayakusomwa mbele ya pande zote kabla ya hukumu. Kila kitu kikafutwa. Kesi irudi barazani, isikilizwe upya.

"Ndiyo nini hiyo?" shangazi akaniuliza. Kwenye ukoo huu wakili ni mimi: nilisoma sheria nusu, na si ile nusu inayoshinda kesi.

"Ni kama hukuwahi kusema kitu, shangazi. Wanaanza moja."

"Na fundi mwashi?"

Fundi tulishamzika. Sasa na maneno yake yamezikwa. Maskini kafa mara mbili.

"Wakosee wao, siku ile niifukue mimi?"

Tangu hapo, bati likilia kwa jua la mchana, mguu wake ulikuwa ukiganda kwenye pedali ya cherehani, macho yakapanda darini. Nami na mdomo wangu huu, utani ulinikauka.

Siku ya shauri alianza: "Fundi alisema..."

"Mama, ya marehemu yaache," mwenyekiti akamkatiza. "Sema uliyoyaona wewe."

Shemeji akatabasamu kama paka aliyeachiwa jiko.

"Nilikuwa chini, nimeshika ngazi," shangazi akasema. "Nilishampa mume wangu bati la mwisho. Nikamwita."

Tabasamu likamdondoka shemeji. "Ukamwita? Fundi hakusema hivyo."

"Alinisitiri, shemeji. Nilimwita, akageuza shingo, mguu ukakosa boriti."

"Ulimwitia nini?" mwenyekiti akauliza, taratibu.

"Chai ilikuwa inapoa."

Safari hii baraza halikurudia kosa. Maoni ya wajumbe yalisomwa kwa sauti, mmoja baada ya mwingine, sisi sote tumekaa, na kila mmoja akautaja ule wito. Kila ulipotajwa, shangazi aliinamisha kichwa kama anayepisha kitu kinachoanguka. Nyumba ikawa yake. Shemeji alitoka bila kumwangalia mtu, na rufaa hakukata tena.

Jana nilimkuta shangazi juu ya ngazi, anafuta utando wa buibui. Mteja wake alikuwa akisubiri mlangoni. Nilishafungua kinywa nimwite. Nikakifunga, nikaenda kushika ngazi kwa mikono miwili, nikamngoja ashuke mwenyewe.