Jina Moja, Zabuni Tatu

Maige wa Kasoli ana ugonjwa wa kuuliza. Mpe kazi ya kupima udongo ataipima, tena vizuri, lakini kabla jua halijapanda atakuwa ameshakuuliza kampuni yenu ilianzaje, kwa nini mmevuka bahari kuja kushindana na wengine waliovuka bahari, na nani hasa huamua mshindi. Wahandisi wa nje humpenda kwa hilo, au humkimbia. Kwa miaka ishirini na miwili amezunguka kambi za ujenzi wa barabara, na udongo mweusi wa mbuga anaujua kwa kiganja. Akiufinya tu anakwambia kama maji yamezidi, ndipo mizani ije ikubaliane naye.

Mwaka huu alitaka kitu kimoja. Ilitangazwa zabuni ya barabara itakayopita karibu na Kasoli, kazi ya miaka mitatu, naye alitaka kuifanya akilala nyumbani kwake. Mke wake, Valeria, amelima pamba peke yake muda mrefu mno, na Maige alianza kuona aibu kuwa mgeni katika nyumba aliyoijenga mwenyewe.

Kampuni tatu zilikuja kukagua njia, moja kutoka China, moja Uturuki, moja Ureno. Maige aliziita kwa kofia zao za kazi: Njano, Bluu na Nyekundu. Kila moja ilimwomba saini kwenye karatasi ya Kiingereza ili jina lake liingie katika orodha ya mafundi wake. Akasaini zote tatu kwa moyo mweupe. Kwani palizi ya pamba si ndivyo inavyokwenda? Unawakubalia wakulima watatu, mvua ikianzia kwa nani, ndiko unakokwenda na jembe. Hakuna anayenuna.

Wakubwa wa zabuni hawakuwa na habari na palizi. Walipopitia nyaraka walimkuta Maige mmoja ameahidiwa mahali patatu, wakaziandikia kampuni zote: mtu huyu athibitishe kwa saini yuko na nani, ndani ya siku tano, na wengine waweke fundi mwingine. Simu ya Maige, ambayo kwa kawaida huita kukiwa na msiba, ikaanza kuita kila saa. Mtu aliyezoea kuchaguliwa sasa alitakiwa achague. Aliogopa, lakini tusifichane, alifurahi pia.

Basi akafanya analolijua. Akaiomba kila kampuni imsomee ilichoandika juu yake. Kofia Bluu walikuwa na mstari mmoja: kibarua mwenyeji, udongo. Kofia Njano walikuwa wamempandisha hadi uhandisi, wakampa na chuo cha Dar es Salaam ambacho hajawahi hata kupita mbele ya geti lake. Maige alicheka, kisha akaacha kucheka, maana uongo ule ulikuwa na jina lake.

Kofia Nyekundu walikuwa na Bryson, mtaalamu wao wa kuandika zabuni, mtu wa Moshi. Yeye alikuwa na ukurasa mzima. Aliwapigia simu wasimamizi wa zamani mmoja mmoja, akaandika kila barabara na kila kambi, mwaka na mwezi, hata kwamba kiganja cha Maige kimepishana na mizani mara mbili tu. Maige akataka kujua ni msimamizi gani aliyemtajia hizo mara mbili.

Bryson alicheka, halafu akasema kilichokuwa kinamkera. "Mzee Maige, sikufichi. Bei yetu iko juu. Naweza kukuandika vizuri hivi na bado tukakosa."

Mjini Bariadi kila mtu alikuwa anasema Njano ndio wenye bei ya chini. Maige alilala na jambo hilo siku mbili. Siku ya tatu akasaini kwa Nyekundu.

Wakakosa. Njano nao wakakosa. Wakashinda Bluu, ambao walikuwa wameshaandika fundi mwingine.

Bryson aliona vibaya, akamtafsiria ule ukurasa kwa Kiswahili na kumchapishia. Maige akaenda nao Kasoli, akamkuta Valeria uani amekaa mkekani akichambua pamba. Akamwambia wamekosa. Valeria akaitikia tu, mikono ikiendelea na kazi. Ili angalau kitu kizuri kisikike siku hiyo, Maige akaanza kumsomea ukurasa wake kwa sauti, mwaka baada ya mwaka, na fahari ikampanda. Alipofika mwaka aliozaliwa Flora, binti yao wa kwanza, mikono ya Valeria ikasimama.

"Rudia hapo."

Akarudia: kambi ya Shishiyu, miezi kumi na mmoja.

"Shishiyu hii ya Maswa? Uliniambia mko Mpanda."

Ilikuwa kweli. Mkandarasi wa mwaka ule alikuwa anakimbizana na tarehe, na fundi aliyekwenda nyumbani Jumapili alikuta Jumatatu mizani imeshikwa na mwingine. Maige aliona heri mkewe aamini yuko mbali asikoweza kutoka, kuliko ajue yuko jirani na haji. Alimweleza hivyo sasa, na hakuwa na swali hata moja la kuuliza.

Valeria hakulia wala hakugomba. Alisukuma pamba pembeni, akamwachia nafasi kwenye mkeka.

"Soma na mwaka unaofuata, Baba Flora," alisema. "Nataka nijue miaka yote ulikuwa wapi."