Siku Yenye Maman Alilipa Guide Amuonyeshe Bukavu

Kuna Jumamosi moja yenye haijatoka mu kichwa yangu, mwanangu, na hata kinywa yangu inaikumbuka, juu siku ile nilimeza essence, ile mafuta ya pikipiki. Usicheke kwanza. Utacheka mbele.

Nimesikiliza audio yako, Dieumerci. Unasema utakuja Bukavu mu vacances ya masomo, na uliona ku téléphone kwamba kuko guide mwenye anatembezaka batu siku muzima kandokando ya ziwa. Unaniuliza: «Tonton Fiston, nilipe huyo mutu, ao wewe utanizungusha bure ku pikipiki?» Swali ya muzuri. Najua ndevu zangu bado zinaogopa kutoka, na ku masomo nilifika sixième primaire, darasa ya sita, nikaona nisichokeshe balimu zaidi. Lakini mi ni ndugu ya mama yako. Hata ukinizidi urefu, mi njo muzee, na muzee akiulizwa hasemi «ndiyo» ao «hapana» palepale. Anakaa, anakohoa, anaanzia mbali. Basi, nimekohoa.

Unamujua koko yako, maman yetu, vile iko leo kule Luberizi, anakaa ku kivuli, anagombeza kuku. Mbele ya kufika kwenu alikuwaka hapa Kadutu na mi, na magoti yake ilikuwa imekataa Bukavu. Mji huu hauna fasi ya sawasawa. Kutoka ku nyumba mpaka ku robinet ya maji unapanda, na kurudi pia unapanda, sijui Mungu alifanya vipi. Mama yako Nabintu alikuwa anapiga téléphone kila mara: «Maman, kuja huku ku plaine. Huku chini iko sawa kama meza.» Maman anaitika. Anafunga mizigo. Kisha anafungua. Mara maharagi haijakomaa, mara jirani anabatiza mutoto na yeye njo marraine, mama wa ubatizo, mara mvua. Siku moja alifungua valise yote juu ya kutafuta sindano, na sindano iko mu mukono yake. Njo nikajua huyu maman hataki kwenda, na hawezi kusema ni juu ya nini.

Mwisho papa yako akasema Jumapili atakuja na gari kumuchukua, mvua inyeshe ao isinyeshe. Siku ya Ijumaa maman akaniita.

«Fiston, ulishaona ule kijana wa kofia nyekundu, mwenye anapitaka na bageni nyuma yake kama bata na batoto?»

«Patient? Ule guide?»

«Ule. Nataka anitembeze kesho.»

Nilicheka mpaka nikashika ukuta.

«Maman, wewe ni mugeni? Ulizaliwa hapa, ukazalia hapa. Nani analipaka juu ya kuonyeshwa salon ya nyumba yake?»

«Mi.»

«Mi niko na pikipiki, niko na kinywa. Nitakupeleka fasi yote, bure.»

«Wewe unapelekaka batu fasi,» akasema. «Mi sitaki kufika fasi. Nataka kuangalia.»

Sikuelewa kitu. Na Papa Déo, jirani yetu mwenye masikio yake inapitaka ukuta, akatupia kutoka kwake: «Mama Nabintu! Ukimaliza na guide, kuja nikuonyeshe mulango yako! Mi sitakuomba mingi, bombo moja tu ya kumumunya!»

Batu benye balikuwa ku robinet bakacheka. Maman pia akacheka, na mucheko yake ilipita ya bote, lakini hakubadilisha. Akaenda kupiga pasi kikwembe yake ya misa.

Asubuhi nikamushusha mpaka ku ziwa. Mawingu ilikuwa imekaa juu ya milima kama batu benye bamekuja kudai. Patient alikuwa pale na kofia yake, sura ya kilio. Bageni bake bote balikuwa bameogopa mvua, bamepiga téléphone, bamebaki ku hôtel.

«Maman, pardon,» akasema. «Kwa batu babili siwezi kuwasha moteur ya pirogue yangu, huu mutumbwi. Essence yenye iko ndani haitatuzungusha. Tufanye Jumamosi yenye inakuja.»

Jumamosi yenye inakuja maman atakuwa kwenu anagombeza kuku.

Maman hakugombana. Alikaa ku jiwe, akaweka sacoche yake ku magoti kama mutu mwenye anangoja munganga, akasema: «Haina shida.» Mwanangu, sikia vizuri. Koko yako akisema «haina shida», ujue shida imefika, imevua viatu na imeomba chai.

Nikaangalia ile kikwembe yenye pasi. Nikaangalia pikipiki yangu, yenye nilikuwa nimejaza jana yake juu ya kazi ya Jumamosi, na Jumamosi njo siku yetu bamotari, benye tunabebaka client ku pikipiki, ya kupata kitu. Nikaangalia tena kikwembe.

«Patient, uko na kamupira ka kunyonya essence?»

Alikuwa nako. Nikaingiza upande mumoja mu réservoir, upande ingine mu kinywa, nikavuta. Ikakuja hewa tupu. Nikavuta na nguvu ya batu benye hasira, na hapo ikakuja yote kwa mara moja. Nusu iliingia mu bidon, nusu iliingia mu motari. Nilitema, nilirukaruka, nililia machozi, na bavuvi benye balikuwa banatengeneza nyavu zao bakanipigia makofi. Patient akachanganya essence na mafuta ya moteur, akavuta kamba, moteur ikakohoa kunipita, ikawaka. Tukaenda.

Na hapa, mwanangu, ujue vile Mungu anatengenezaka mambo. Mi ni mutu mwenye kinywa yake haina frein. Ku kilio ninachekesha, ku misa padri ananiangaliaka mimi tu. Lakini siku ile ulimi yangu ilikuwa inawaka kama pilipili, sikuweza kusema. Njo mara ya kwanza mu maisha yangu nilikaa fasi moja na nikasikiliza.

Patient akasimama mbele ya pirogue, akavua kofia: «Mesdames et messieurs, chers visiteurs!» Tulikuwa mama mumoja na muzee wa kutema mate. Lakini alisema kama tuko mia. Akaonyesha vile mji umeingiza vidole yake mu maji, na kila kidole iko na jina yake: Nguba, Muhumba, La Botte. Akaonyesha zile nyumba za zamani zenye madirisha mikubwa inaangalia ziwa. Akaonyesha mapirogue ya bavuvi ba sambaza, zile samaki ndogo, tatu tatu zimefungwa pamoja, miti yao mirefu juu, kama panzi mwenye analala chali.

Maman alikuwa anaangalia. Simaanishi kuangalia kama vile mi naangaliaka, jicho moja ku barabara, jicho ingine ku client. Kichwa yake yote ilikuwa juu, kinywa wazi kidogo.

Tulipopita chini ya kilima moja nikaona fasi yenye motari mumoja alitumbukia mu shamba ya mihogo na client yake, hadisi ya muzuri sana. Nikajikaza, nikatema mate, nikaanza:

«Maman, unaona kule? Kule njo ule mujinga...»

«Fiston, funga.» Hakugeuka hata. «Kila siku unanipitisha mu huu mji, na hata siku moja haujaniambia ‹angalia›. Acha mutu mwenye anasema ‹angalia› aseme.»

Nikafunga. Na haikuwa tena juu ya essence.

Patient alikuwa na haya kidogo juu yangu, akamuuliza kwa sauti ya pole: «Maman, wewe ni wa hapa. Ni nini hasa ulitaka kuona?»

Njo akasema, mwanangu, na mi mutoto wake nilikuwa sijui. Ulishaona bale bamaman benye banabebaka mizigo kutoka ku port, gunia ku mugongo, kamba imepita ku kipaji ya uso? Koko yako alikuwa mumoja wao, mbele mi na mama yako tuwe na akili. Unga, saruji, makala, yote ilipitaka ku shingo yake.

«Mutu wa kamba anaonaka nini?» akamuuliza Patient. «Anaonaka visigino. Ukitaka kuinua kichwa, muzigo inakuvuta nyuma, unaanguka. Visigino ya Bukavu ninaijua yote, na majiwe yake, na fasi yenye inatelezaka. Sasa Nabintu anasema niache Bukavu. Nitaiacha vipi, na mi sijaiona?»

Patient akashusha mukono yenye ilikuwa inataka kuonyesha kitu. Kisha akazima moteur bila mutu kumuomba.

Tukaelea. Hakukuwa kelele, maji tu inagongagonga mbao. Mbele yetu Kadutu ilikuwa imepanda mulima, mabati juu ya mabati, moshi ya asubuhi inatoka katikati.

«Kule njo nilikuwa napanda?» maman akauliza.

«Kule, maman.»

«Na muzigo?»

«Na muzigo.»

Akaangalia mingi. Akatafuta nyumba yetu, hakuiona, akachagua bati moja yenye ilikuwa inang'aa, akasema ni ile. Si mi mwenye ningemukatalia. Kisha akapiga makofi pole pole, vile banapigaka mbele ya mukubwa mwenye amekupa kitu, akasema: «Aksanti. Ulinikamua, lakini batoto bangu balikula. Aksanti sana.» Alikuwa anaambia mulima.

Mi nikaangalia mu maji. Essence ilikuwa bado inanichoma macho, uelewe vile unataka.

Mvua haikunyesha. Kabla ya kurudi, Patient alitupeleka fasi yenye ziwa inaanza kuwa muto Ruzizi. «Hapa maji inatoka,» akasema, «inashuka, inapita plaine yote, inaenda mpaka Uvira.»

«Inapita karibu na kwa Nabintu?»

«Inapita chini kule, maman.»

«Ah bon.» Akainama, akaingiza mukono, akanawa uso. «Basi haiko mbali.»

Kurudi sasa! Réservoir yangu ilikuwa kavu kama kinywa ya mwizi mbele ya juge. Nikakalisha maman ku pikipiki, nikasukuma, tukapanda. Batoto ba quartier bakakuja kusukuma nyuma, banapiga kelele. Na yeye kule juu, kikwembe imekaa vizuri, ananyosha mukono: «Chers visiteurs! Ku mukono ya kuume, munaona kanisa! Ku mukono ya kushoto, Papa Déo, ameacha mulango wazi tena!» Papa Déo akatoka na caleçon tu, bila suruali, akarudi ndani mbio. Batu bakacheka mpaka bidon za robinet zikajaa na kumwangika.

Siku ile magharibi alipigia mama yako téléphone. Nilimusikia: «Mwambie aje asubuhi. Niko tayari.» Jumapili papa yako alikuta valise imefungwa, na haikufunguliwa tena.

Basi, mwanangu, jibu yako. Kama unataka tu kufika fasi na kupiga photo, usilipe mutu, niite mi, nitakufikisha mbio na utaniletea muchele ya Luberizi. Lakini kama unataka kuona, lipa Patient, na pesa yake itakuwa imefanya kazi. Siku ile fanya kitu tatu: zima téléphone, inua kichwa, na acha tonton yako asiseme. Ukiweza, usiende peke yako. Tafuta mutu mwenye alikubeba zamani, umukalishe mbele ya pirogue, na akikuuliza «kule ni wapi?», usicheke. Na mbele hujapanda gari ya kuja, nenda ku kivuli ya koko, umupigie makofi pole pole vile yeye alifanya. Usimuambie ni juu ya nini, atajua. Mi nilichelewa kumushukuru, lakini alinipa siku moja muzima ya kujifunza, na ile siku bado inanishibisha.

Mungu akupitishe vizuri mu zile kona za mulima Ngomo, akufikishe na mifupa yako yote. Akupe mizigo yenye shingo yako inaweza, na siku za kuweka mizigo chini. Na popote utakuwa, asikukoseshe mutu wa kukugusa ku bega na kukuambia: angalia.