Tuliapa Watoto Wasijue Nani Aliwazaa

Admin, jina langu ulifiche vizuri, maana hapa Kamembe, Rwanda, tunajuana. Nina miaka hamsini na tatu. Majina nitakayotaja nimeyabadilisha.

Vita vilipotutoa Bukavu nilivuka mpaka na binti yangu Furaha mgongoni, ana miezi minne. Baba yake alibaki huko na sijamwona tena. Upande huu tukakutana wanawake watatu tusio na mume wala ukoo, tukapanga nyumba moja, tukapika chungu kimoja. Mmoja alikuwa na watoto wawili wadogo. Mwingine, Konsolata, aliwapoteza watoto wake wote njiani, na kila mtoto akiita maman alikuwa analia. Basi nikatoa wazo, na wazo ni langu kabisa: watoto watuite sote maman, asijue yeyote nani alimzaa. Tukaapa. Kwa miaka mingi tuliishi vizuri kuliko ndugu wa damu, sitakataa.

Wakati wa kuandikisha watoto, Konsolata peke yake ndiye alikuwa na karatasi kamili. Furaha akaandikwa kama mtoto wake. Sikuona ubaya, mjinga mimi.

Sasa Furaha anaolewa. Jumamosi hii wakwe wanakuja kumposa, na kitenge nilishashona. Juzi Konsolata akaniambia, hata kuniangalia hakuniangalia, "Siku ile mimi njo nitaikala na bageni. Wewe utabakia ku cuisine, sambaza yako batu banaipenda." Yaani yeye akae na wageni, mimi nibaki jikoni nikaange dagaa wa ziwani.

Nikamuuliza kwa nini tusikae wote wawili. Akasema, "Mama ni moya."

Nikamwendea Furaha. Akanishika mikono kwa upole. "Maman, usikasirike. Maman Konsolata aliniambiaka zamani kama njo yeye alinizala. Wewe ulinilea, sitakusahau."

Nimeumia jamani. Nilimgawia Konsolata mtoto wangu ili asife kwa huzuni, yeye akamchukua mzima. Na mimi miaka yote hiyo nilikuwa naheshimu kiapo, hata Furaha alipougua nikatamani kumwambia. Mwenzetu wa tatu ameshafariki, shahidi sina. Nikisema, Furaha ataniona mwongo mwenye wivu, na wakwe wataondoka na maneno. Nikinyamaza, mwanangu ataposwa mimi nikiwa mpishi.

Konsolata ameshanunua sambaza, ziko jikoni. Ninyi mlio wazazi, na ninyi mliolelewa na mama asiyewazaa, nishaurini nifanye nini. Jumamosi nikae wapi?