Mgongo wa Mtu Mwingine

Kazi ya kukata na kuunga filamu niliianzia kwenye sinema ya Mhindi mmoja karibu na Mchafukoge. Filamu zilitufikia zimechoka, zimekwishachezwa Bombay, Mombasa na Unguja. Nilikata palipochanika, nikakwangua ncha kwa wembe, nikapaka gundi, nikaunga upya. Sifa ya mkono wangu ndiyo iliyonipeleka kwa Mwingereza aliyekuja kutengeneza picha za kufundisha watu afya. Alinipa chumba, mkasi, na mashine ya kutia sauti kwenye santuri, maana picha zile zilisafiri pamoja na santuri zake.

Picha ya tatu ilihusu kifua kikuu. Wa kuigiza mgonjwa alipatikana hamali wa soko la Kariakoo, mtu mrefu, mcheshi, aliyeishi na mama yake mtaa wa nyuma ya kwetu. Siku ya kuchukua sauti nilimwambia akohoe. Akakohoa. Nikainua mkono kumwonyesha kwamba yatosha, naye akaendelea. Alipotulia alijifuta midomo, akanicheka.

"Fundi, hiyo ya mwisho sikuigiza."

"Basi nenda hospitali."

"Nitakwenda kazi ikiisha."

Sikumfuatilia. Nilikuwa na picha ya kuunga.

Ilibaki sehemu ya mwisho tu, mgonjwa anatoka hospitali amepona. Siku ya kuipiga ilipofika, hamali hakuweza kusimama. Haukupita muda akafariki. Nilikwenda mazikoni, nikapokea jeneza begani kwa zamu kama wenzangu.

Baada ya siku tatu yule Mwingereza, bwana wangu, alinionyesha kipande kipya cha filamu. Alikuwa na huzuni, siwezi kumsingizia kwamba hakuwa nayo. Lakini alikuwa amempata mtu mwingine wa kimo kile kile, akamvika kanzu na kofia, akampiga picha kwa nyuma akitoka langoni.

"Unaweza kuunga watu wasijue?"

"Naweza, bwana."

Nikaunga. Kwanza uso wa marehemu kitandani, anatabasamu. Kisha mgongo wa yule mwingine, unakwenda zake juani. Na niseme kweli, nilijisifu moyoni. Hata mimi mwenyewe sikuuona mshono.

Picha ilionyeshwa Jumamosi alasiri katika ukumbi mmoja wa Kariakoo, madirisha yamezibwa kwa mablanketi. Mama yake alikuja na majirani. Alikuwa amesikia kwamba mwanawe ataonekana, na hakuna aliyemweleza zaidi ya hapo, hata mimi niliyesimama kando ya santuri hatua chache kutoka kwake. Kikohozi kiliposikika wanawake walianza kulia. Yeye hakulia. Aliinama mbele, kama mtu anayetaka kumshika mkono aliyeko kitandani.

Kisha ukaja ule mgongo. Watu wakapiga makofi. "Kapona! Kapona!"

Mama akasimama, kivuli chake kikaangukia kitambaa cha kuonyeshea picha.

"Huyo nani?"

Akaunyooshea kidole ule mgongo.

"Mwanangu bega la kushoto limelala kwa magunia. Huyo nani?"

Wiki nzima nilimtazama mwanawe kwenye filamu, kipande kwa kipande, nikipima alipoanzia na alipoishia. Lile bega sikuliona.

Asubuhi yake nilikwenda kwake. Nilimkuta uani anachambua mchele.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba."

Alinisogezea kigoda. Nikakaa.

"Aliyeunga ile picha ni mimi."

"Nimeambiwa."

"Nisamehe, mama."

Alipepeta mchele kidogo, akauliza, "Watu wa bara wakiiona, watakwenda hospitali?"

"Huenda wakaenda."

"Basi waione. Ila wasiambiwe amepona. Kafa mikononi mwangu."

Nilimfikishia bwana maneno hayo. Alinisikiliza hadi mwisho, akasema picha ikiisha kwa kifo watu wataikimbia hospitali yenyewe.  Picha ilikwenda bara jinsi nilivyoiunga. Nikaendelea na kazi, kwa sababu sikuwa na nyingine, lakini tangu hapo sikukubali kuunga mtu na mtu. Kazi ya namna hiyo ikija nilimwambia bwana mkono unauma. Naamini alijua.

Kumbe nilikuwa nimesahau jambo moja, na lilinijia siku moja nikiwa mezani. Yule mama alikuwa amelala chumba kimoja na mwanawe siku zote za ugonjwa wake. Niliacha mkasi, nikaenda kumwomba tufuatane akapimwe kifua. Alikataa. Nikarudi kesho yake, akakataa tena. Mara ya tatu alijitanda kanga, tukaenda. Alipimwa, akaambiwa ni mzima.

Tulirudi kwa kupitia sokoni. Akachagua mchicha, fungu baada ya fungu, hakuna lililompendeza, nami nikamshikia kikapu nikisubiri.