Mnazi wa Kitovu

Asubuhi ile niliondoka Malindi, mtaa wa bandarini mjini Unguja, bila ya kujua ninakwenda wapi. Nilikuwa nikilala kwenye ghala la mbata, nazi zilizokaushwa, kwa hisani ya mlinzi wake, na harufu ya mbata ukishaizoea huisikii tena mpaka uwe mbali nayo. Skuli niliiacha mapema, kabla sijafahamu hesabu za mafungu, na kazi za bandarini nilizifanya siku nipo, siku sipo. Mama alikuwa akisema nimezaliwa na nyayo zinazowasha.

Nikapita Darajani, nikanunua mkate na kuula huku natembea, nikashika njia ya Mwera. Jua lilipopanda niliingia ujia katikati ya mikarafuu kutafuta maji ya kunywa. Hapo nikamkuta mwanamke mtu mzima amekaa kizingitini mwa kibanda chake, anautazama mnazi mchanga ambao haujafika kiunoni. Nikamwamkia shikamoo, akaitikia marahaba, akanipa maji kwa kata bila ya kuniuliza kitu. Nilipomaliza kunywa ndipo akauliza ninatoka wapi. Nikasema mjini.

"Mjini kwa nani?"

Nikamwambia si kwa mtu. Akacheka kidogo. Akasema basi huenda mimi ndiye niliyeletwa, maana alfajiri alimwomba Mungu mtu wa kumsindikiza mjini, akasahau kutaja awe na akili.

Akanieleza. Yeye na mumewe walikuja kutoka bara wakiwa vijana, kwa kazi ya palizi. Bwana mkubwa wa shamba, ambaye sasa ni marehemu, alimpa mumewe mahali pa kujenga. Alimpa kwa mdomo tu, kama ilivyokuwa kwa wote. Masharti yalijulikana: mhogo panda, maharage panda, migomba haidhuru, lakini mti wa kudumu usipande. Unguja mti na ardhi ni vitu viwili, na mwenye mti ana neno juu ya pale uliposimama. Mume akafa. Binti yao, aliyeolewa na kijana wa Makunduchi, akaja kujifungua kwa mama yake. Kitovu cha mtoto kilipoanguka, wanawake wa jirani, wenyeji, wakauliza kitazikwa wapi, na mnazi wake uko wapi.

"Kwetu hatupandi mnazi," aliniambia. "Lakini mjukuu wangu kazaliwa hapa, nikasema na afanyiwe ya hapa."

Akakizika kitovu, akapanda mnazi juu yake, majirani wakapiga vigelegele. Aliona siku ile ndiyo amekuwa mtu wa Unguja. Miezi ikapita, msimamizi wa shamba akauona. Hakuwa mtu mbaya. Bibi mzaa mama yake alikuwa mtumwa wa nyumba hiyo hiyo ya kina bwana, jambo ambalo kila mtu alilijua na hakuna aliyelitaja. Alimpa mjane muda mpaka mwezi ukiandama: aung'oe mnazi au ahame. Akamwambia pia kwamba angekuwa na mume pangekuwa na la kuzungumza. Mahali pale alipewa mwanamume. Yeye alikutwa ndani tu, kama chungu.

Shamba lenyewe kwa wakati huo lilikuwa la binti wa marehemu bwana, fungu lake la urithi. Mwenyeji wangu alikwishakwenda peke yake kwenye nyumba yao mjini, akaishia mlango wa jikoni, mpishi akamwambia bibi mwenye shamba amelala. Alitaka mwanamume mwenye kanzu, mlango wa mbele ufunguke. Kanzu nilikuwa nayo moja, ndani ya kifurushi changu. Nikaivaa.

Tulifika mjini karibu na adhuhuri. Mimi nikagonga mbele, yeye akazunguka nyuma. Mpishi akaacha vyungu vyake kuja kunifungulia, akaniweka kwenye daka la mlangoni nimsubiri kaka yake bibi atoke msikitini. Aliporudi uwani akamkuta mgeni wa jikoni kesha kupita, yuko mbele ya bibi. Baina yangu na wao palikuwa na pazia tu, na masikio sikuyafumba.

Sauti ya bibi ilikuwa ya mtu asiyezoea kuipaza. Hakuanza na mnazi. Aliuliza kama kisima bado kipo, kama ule mdoriani wa njiani unazaa. Alipelekwa huko mara moja, mtoto, juu ya punda, na tangu alipovunja ungo akawekwa ndani hakwenda tena. Mjane akamweleza shamba lake upande hadi upande: mikarafuu iliyokufa, pale maji yanapotuama wakati wa masika, pale nguruwe mwitu wanapochezea mhogo usiku. Bibi akawa anauliza na kuuliza. Mwisho akasema:

"Mbona hukuja siku zote ukanieleza haya?"

"Nilikuja, bibi. Niliambiwa umelala."

"Mie nnalala sana," akasema bibi, na nikawasikia wanacheka wote wawili, na mpishi naye.

Kisha wakaingia kwenye mnazi. Bibi hakuchukua muda. Alisema msimamizi aambiwe kwamba mti ubaki, kwa sababu shamba ni lake na mti huo amempa mtoto. Nikashusha pumzi. Nilidhani nimemaliza kazi yangu bila ya kusema neno.

Kaka mtu akaingia. Alinisalimia vizuri, akauliza mimi kabila gani. Baba yangu kwa baadhi ya watu alikuwa Mshirazi na kwa wengine Mswahili tu. Nikamjibu Mshirazi, kwa kuwa nilikuwa ndani ya kanzu. Akaagiza kahawa na halwa. Nikamweleza shauri lililonileta na jawabu la dada yake. Alisikiliza mpaka mwisho, akamimina kahawa, akaanza kusema kwa upole kabisa.

"Dada yangu ana huruma. Lakini mhogo ukishang'olewa haukumbuki mtu. Mnazi unakumbuka. Mtoto huyu akikua atasema kwao ni pale, na siku hizi wako wa kumfundisha kusema."

Nikasema mwenye shamba amekwisha kukubali.

"Kakubali, ndiyo. Na nani atakwenda kumwambia msimamizi? Yeye?"

Aliniuliza hivyo huku ananisogezea sahani ya halwa. Pazia halikutikisika, lakini sauti ikatoka nyuma yake.

"Kaka, mie nshampa."

"Umempa, dada yangu," akajibu, "na mimi nshasikia."

Likawa limekwisha hapo; msimamizi alipokea amri kwa kaka. Hakuna aliyegombana. Kahawa ilikuwa nzuri, niliinywa.

Mjane alitokea nyuma na kanga mpya kwapani, zawadi ya bibi. Tulitembea mpaka tukapita Darajani. Huko akaniuliza nilipewa nini kule mbele. Nikamwambia kahawa na halwa.

"Mie maji," akasema. "Lakini nilikaa kwenye mkeka wake. Yeye huku, mie huku."

Baada ya kwenda kidogo akasema bibi alimshika mkono walipoagana na kumnong'oneza aje tena, aje kumweleza shamba. Nikamuuliza kama atakwenda. Akasema ataelezea shamba gani, naye hayumo? Kisha akaniambia shauri alilolikata moyoni: msimamizi hataugusa mnazi ule, yeye mjane ndiye atakayeuchimbua. Binti yake na mtoto walikwisha kurudi Makunduchi kwa mume. Mnazi utamfuata mwenyewe, mtoto.

Akaniuliza kama nitamsaidia kuupeleka. Nilijifanya nafikiri, lakini Makunduchi sikuwa nimefika, na nyayo zilikwisha kuanza kuwasha. Usiku ule nililala barazani kwa jirani yake. Asubuhi tukachimba kwa duara pana ili mizizi isikatike. Kitovu chenyewe hakikuonekana, kilikwisha kuwa udongo. Mjane alichimba chini mpaka ukaja udongo mwekundu, akaukusanya wote kwa viganja, akautia kwenye gunia pamoja na mizizi, tukafunga kwa ukambaa. Majirani wakaja kusaidia kufunga, mmoja akamtania kwamba ameingia Unguja na mzigo mdogo kuliko huu. Kibanda akakiacha wazi, mhogo akawaachia wao. Msimamizi alikuja akasimama kwa mbali, amevua kofia, akarudi zake.

Tulipanda gari la abiria liendalo shamba, mnazi katikati ya magoti yangu, tukafika Makunduchi baada ya alasiri. Mama mkwe wa binti yake tulimkuta uwanjani anapiga makumbi ya nazi kwa rungu kutoa usumba, nyuzi za kusokota kamba, vumbi lake limemjaa kwenye nyusi. Akaacha rungu, akampokea mgeni wake kwa mikono miwili. Binti akatoka na mtoto mgongoni, akaona gunia, akamtazama mama yake, akaelewa, akageuka kwenda kuchota maji.

Shemeji yake mama mkwe, mwanamume mkubwa wa ukoo, akaitwa kuonyesha mahali. Akaonyesha, karibu na ukuta wa mawe, kwa fimbo, bila ya kusita. Mnazi wa mtoto, mtoto wao, hakuna la kuzungumza. Mjane akapiga magoti akaanza kuchimba. Shimo lilipomfika kiwikoni akainua uso.

"Nikishautia udongo na kuumwagia maji kila siku," akauliza, "ni wa nani?"

Mwanamume akasema ni wa mtoto, na ni wa ukoo. Alishangaa kuulizwa. Mama mkwe ndiye aliyeongeza, akijipangusa nyusi.

"Mkwe wangu, mimi nimepanda mingi hapa, usiihesabu. Wangu ni mmoja, uko kwetu nilikozaliwa." Akaokota rungu lake. "Lakini makumbi niliyofukia matopeni pwani yalainike ni yangu. Wanaume huko hawana neno. Kesho nitakuonyesha pa kufukia yako."

Mjane aliusimamisha mnazi, akaurudishia udongo mpaka mwisho, akaukanyaga kwa nyayo, akamwagia maji aliyoyaleta binti yake. Kisha akauliza makumbi hukaa matopeni muda gani.

Shemeji mtu alikuwa sasa ananitazama mimi. Huko mgeni asiye na mwenyeji haruhusiwi kulala mjini mwao. Lazima awepo wa kuulizwa habari zake. Akauliza huyu kijana mgeni wa nani. Kwa haki wa kujibu alikuwa binti, mwenye mume hapo, au mama mkwe, mwenye nyumba.

"Mgeni wangu," akasema mjane, mikono yake imejaa udongo.

Mwanamume akamtazama mama mkwe. Mama mkwe alikuwa anapiga makumbi, hakuinua kichwa. Basi akaniambia nimfuate.

Nikapewa kitanda cha kamba kwenye banda la usumba, nyuma ya nyumba, na mkeka wa kufungia mlango. Nilijinyoosha. Nje niliwasikia wakwe wawili wale wanabishana kuhusu kina cha shimo la makumbi, mmoja anafundisha, mwingine, ambaye hajawahi kufukia hata kumbi moja, anamwambia kwao bara wangelichimba vingine.