Lucimar, Jina la Kuunga

Mjukuu wangu wa kwanza anaitwa Lucimar. Haya, nimelitaja, sasa nieleze lilivyopatikana, maana kila mtu hapa London akilisikia hunyanyua nyusi kwa adabu na kuniambia ni jina zuri. Si zuri. Ni jina la kuunga, kama sahani iliyovunjika ikatiwa gundi.

Nililisikia mara ya kwanza jikoni kwa mwanangu, Hounslow, nikikoroga uji wa pilipili manga wa mzazi. Nilikuwa nimevuka mji mzima kwa treni kutoka Thamesmead, mwiko na sufuria nimevitia kwenye toroli, kwa sababu nyumba ile ina mashine ya kahawa lakini haina mwiko. Mtoto hata kitovu hakijadondoka. Mkaza mwanangu, msichana wa Kibrazili anayefanya kazi na mwanangu uwanja wa ndege, akaja mpaka mlangoni na kitoto mkononi, akalitamka jina kwa fahari, akiuvuta mwisho wake. Nikamwuliza kwa Kiingereza hiyo ni dawa ya nini. Akacheka, akidhani namtania.

Kwetu Mombasa jambo hili halina mjadala. Mtoto wa kwanza akiwa wa kike hupewa jina la bibi yake mzaa baba. Bibi na mjukuu wakawa wanaitana somo, wakavaa leso moja, wakapendana kuliko wanavyopendana na hao wazazi walio katikati. Mimi ndiye bibi mzaa baba. Mimba ilipofika miezi ya mwisho nilishanunua leso za sare, na nilishampigia simu dada yangu mkubwa, naye alishawatangazia majirani wa Kibokoni wote.

Na si kiburi tu, ingawa kiburi ninacho. Tangu mume wangu afariki, hakuna mtu mji huu aniitaye jina langu. Wazee wa Kizungu ninaowaogesha na kuwalisha huniita mpenzi, kama wanavyomwita mwenye duka na dereva wa basi. Wanawake wenzangu huniita kwa jina la mwanangu, mama yake fulani. Mwanangu huniita Mama. Jina langu ni la yule mwanamke aliyepewa sura nzima katika Kurani, nalo limebaki kwenye pasipoti tu. Nilitaka kulisikia likitembea nyumbani kabla sijafa. Sikuomba zaidi ya hilo.

Basi mkaza mwanangu akaketi kitandani kunielimisha. Luci ni kipande cha jina la mama yake. Mar ni kipande cha jina langu. Kwao ndivyo wafanyavyo, ati. Yeye mwenyewe ni kichwa cha baba na mkia wa mama. Kaka zake wote wameshonwa hivyohivyo, na mtaani kwao kuna watu wana majina ambayo kabla yao hayakuwahi kuwa ya mtu yeyote duniani. Nikamwuliza, kwani hamna mitume, hamna mababu? Akasema bibi zake walikuwa na majina ya watakatifu, kisha watu wakachoka kupokea majina ya kanisa, wakaanza kujitengenezea yao wenyewe nyumbani. Alisema hivyo kama mtu anayesimulia ushindi. Nami nikamtazama nikawaza, hawa ndio watoto wa lugha ya Wareno. Waliitawala Mombasa wakatuachia mizinga na neno meza, tukawafukuza, na bado wamepata njia ya kunirudia kupitia kizazi changu.

Mwanangu, ambaye tangu utotoni hupenda kusuluhisha, akatoa simu yake. Akasoma kwamba luci inatokana na nuru, na mar kwa Kireno ni bahari. "Mama, it means light of the sea." Nikamwambia nuru ya bahari ni ule mnara wa taa pale Ras Serani, nao hauhitaji kuchinjiwa mbuzi wa akika. Mkaza mwanangu akasema hapana, si nuru wala bahari, jina lile maana yake ni bibi wawili basi. Angalau yeye si mwongo. Mwanangu ndiye aliyeniudhi, kwenda kutafuta maana kwenye simu ili anipambie uchafu.

Nilimpata peke yake kabla ya akika nikamwambia abadilishe. Sikumbembeleza. Akanijibu kwa Kiingereza, kama wanavyojibu wote waliolelewa hapa. "And what would I call her, Mama?" Akasema mimi ndiye niliyekuwa nikimfinya alipokuwa mdogo kila alipolitamka jina la bibi yake. Angempa mtoto jina langu, yeye angelitamkaje, na kwetu jina la mzazi wala la mkwe halitajwi? Na mkewe angelitamkaje mbele yangu? Nikamwambia, ati yeye mwenye Kiswahili cha kuokoteza leo ndiye anifundishe mimi adabu za kwetu. Nikavaa koti.

Akika nilikwenda, watu wasije wakanisema. Mwalimu wa madrasa alipouliza jina, mkaza mwanangu akalitaja kwa sauti ya mnadani, na wanawake wa kwetu wakainamia sahani zao za pilau. Nilikula nikaondoka. Dada yangu alipopiga simu kujua habari hakunionea huruma hata kidogo. Yeye mjukuu wake ana jina lake zima. "Pole mdogo wangu," akasema, "wenzio tumepewa mbuzi, wewe umepewa kwato." Na tangu hapo kila akipiga huanza na kuulizia kwato.

Lucimar akaanza kutembea, na mama yake akarudi kwenye shifti zake, basi nikawa nakwenda Hounslow kumlea, maana hasira haimpeleki mtoto chooni. Mama yake hana simile. Akiwa nyumbani humwita mtoto kutoka bafuni, kutoka ngazini, kutoka nje kwenye kituo cha basi, jina zima, na ule mwisho anauvuta mpaka mbwa wa jirani abweke. Humwita kumlisha, humwita kumkemea, humwita bila sababu. Mhindi wa duka la chini analijua. Mwenye kuleta vifurushi analijua. Sijapata kuona mtu mwenye makelele kama yule, na nilimwambia hivyo. Akaniambia jina lisiloitwa linakufa. Nikamwambia aende akakoshe vyombo.

Siku moja dada yangu alipiga nikiwa huko, namlisha Lucimar. Akaulizia kwato. Nami, kwa kuchoka, nikamwambia hebu amwite huyo mjukuu wake, somo wake, nimsalimie, tangu azaliwe sijasikia sauti yake.

"Somo!" akaita. "Somo, njoo usalimie."

Mtoto hakuja. Nikasikia mama yake akimwita kutoka ndani, "Mama, waitwa na somo wako." Kisha shangazi mtu naye, "Mama, huitiki?"

"Dada," nikamwuliza, "wote humwita hivyo?"

"Sasa watamwitaje? Ni jina la mkwe wao, na la mama yao."

"Na hilo jina lako hutajwa na nani hapo nyumbani?"

Dada yangu naye ni mjane, mumewe alitangulia kabla ya wangu, na ndipo nilipojua kwamba hata mimi sikuwa nimelitaja jina lake maishani mwangu, kwa kuwa ni mkubwa wangu.

"Ni heshima," akasema.

"Ni heshima," nikamwambia. "Nani anasema si heshima."

Hakukata simu. Mlango wa mbele ukafunguliwa, mkaza mwanangu akaingia kutoka kazini na viatu vyake vichafu, hakuvivua, hakusalimu, akaanza kumwita mtoto kutoka ukumbini, Lucimar, Lucimar, na ule mwisho akauvuta kama kawaida yake. Nikainuka, nikausogeza mkono wenye simu mpaka mlangoni, dada yangu asikie.